GAMBA LA NGOZI LIMEKUFA, LAKINI NDILO LINALOTULINDA

(Mazungumzo kwa wanakisomo)



Leo tumekuja kuzungumza juu ya kitu ambacho kila mmoja wetu amekuja nacho hapa. Hakuna aliyekisahau nyumbani. Kitu hicho ni ngozi. Lakini hatutazungumza juu ya ngozi yote. Tutazungumza juu ya ngozi ya nje, ile tunayoiona na kuigusa kila siku. Tunataka tujue imejengwaje, na inafanya kazi gani. Kisha tutaona jinsi inavyobomoka. Tena tutaona kwamba mara nyingine tunaibomoa sisi wenyewe, na tunatoa fedha mfukoni kununua dawa ya kuibomolea.

Tutazame mikono yetu

Haya, kila mtu anyooshe mkono wake autazame. Kwanza tazama kiganja. Kisha ugeuze mkono utazame nyuma yake. Je, ni sawa? Si sawa. Ngozi ya kiganja ni nene na ngumu. Hiyo ndiyo inayoshika mpini wa jembe. Ngozi ya nyuma ya mkono ni laini. Sasa gusa ukope wa jicho lako polepole. Pale ni laini zaidi.

Ngozi ya mtu ina sehemu mbili kubwa. Sehemu ya chini ni ngozi ya ndani. Humo mna mishipa ya damu, mishipa ya fahamu na mizizi ya nywele. Sehemu ya juu ni ngozi ya nje. Hii haina damu kabisa. Ndiyo maana ukikwaruzwa kidogo na mwiba unaona mstari mweupe tu, damu haitoki. Mwiba umepita juu juu. Damu ikitoka, ujue mwiba umefika kwenye ngozi ya ndani.

Ngozi ya nje ni nyembamba mno. Sehemu nyingi za mwili unene wake ni kama sehemu moja ya kumi ya milimeta. Hiyo ni kama karatasi moja ya daftari. Kwenye kope ni nusu ya hapo. Kwenye viganja na nyayo inaweza kufika milimeta moja na nusu. Na ngozi yote ya mtu mzima, ukiipima, inapata meta za mraba 1.5 hadi 2. Huo ni ukubwa wa kanga moja, au kupita kidogo. Basi kati yetu na jua, vumbi, maji na wadudu wote wa dunia, pana kanga moja tu, nyembamba kama karatasi.

Inajengwa kutoka chini

Mwili wote umejengwa kwa seli. Seli ni chembe ndogo sana zenye uhai. Hatuwezi kuziona kwa macho matupu. Wataalamu huziona kwa hadubini.

Chini kabisa ya ngozi ya nje kuna mstari wa seli changa. Huko ndiko kiwandani. Seli hizo hugawanyika usiku na mchana. Moja inakuwa mbili. Moja hubaki chini kuendelea na kazi, na nyingine husukumwa juu. Nyuma yake huja nyingine, na nyingine tena.

Seli inapopanda huanza kubadilika. Inajaa kitu kigumu kiitwacho keratini. Keratini ndiyo iliyo katika kucha zetu na nywele zetu. Ndiyo iliyo pia katika kwato na pembe za ng'ombe. Seli ikijaa keratini, inakauka na kuwa bapa kama kigae. Mwishowe inakufa. Inafika juu ikiwa imekufa tayari, inajipanga pamoja na wenzake, safu juu ya safu. Sehemu nyingi za mwili safu hizo ni kama 15 au 20. Kwenye nyayo ni nyingi zaidi. Safu hizo za juu, zilizokufa, katika mazungumzo haya tutaziita gamba.

Kati ya seli na seli za gamba kuna mafuta. Mwili wenyewe unayatengeneza. Basi fikirini ukuta wa nyumba. Seli zilizokauka ndizo matofali, na mafuta ndiyo udongo unaoshikanisha matofali. Ukuta wenye matofali mazuri lakini usio na udongo katikati unapitisha upepo na mvua. Na gamba ni vivyo hivyo. Mafuta yakitoka, gamba linapasuka.

Safari ya seli kutoka kiwandani mpaka kubanduka huchukua kama wiki 4. Kwa wazee huchukua zaidi. Kila siku safu ya juu inabanduka, na mpya inatoka chini. Mkijisugua mnapooga mnaona nongo. Nongo ile si vumbi la njiani tu. Ndani yake mna gamba kuukuu la ngozi yenu. Kwa hiyo ngozi ya nje mliyo nayo leo siyo ile ya miezi mitatu iliyopita. Ile imekwisha kwenda na maji.

"Kama limekufa, kwa nini tusilitoe?"

Kwenye mazungumzo kama haya mama mmoja aliwahi kutuuliza: "Ndugu walimu, mmesema gamba la juu limekufa. Kama limekufa ni uchafu. Kwa nini basi nisilisugue lote kwa jiwe, au nikalitoa kwa dawa, nibaki na ngozi mpya?"

Swali hilo ni zuri, tena linaonyesha akili. Tulimjibu hivi: "Mama, nyumba yako imeezekwa kwa nini?" Akasema, "Kwa nyasi." "Nyasi hizo zi hai?" "La, zilikatwa, zimekauka." "Je, ukiziondoa zote kwa sababu zimekufa, mvua ikija utalala wapi?" Watu wote wakacheka, na yeye akacheka pia.

Ndiyo hivyo, ndugu. Nyasi za paa zimekufa, lakini ndizo zinazozuia mvua. Gamba la ngozi limekufa, lakini ndilo linalotufanya tuishi. Nongo inayotoka yenyewe kwa maji na kitambaa, iacheni itoke. Hiyo imemaliza kazi yake. Lakini gamba lililoshika bado lipo kazini.

Kazi za ngozi ya nje

Kazi ya kwanza ni kuzuia maji ya mwilini yasitoke. Sehemu kubwa ya mwili wetu ni maji. Lingekuwa halipo gamba, tungekauka kama samaki juani. Mtu aliyeungua sehemu kubwa ya mwili hupoteza maji mengi, na anaweza kufa kwa ajili hiyo. Mtoto aliyezaliwa kabla ya siku zake naye gamba lake halijakomaa. Maji na joto humtoka upesi. Kwa hiyo hufungwa kifuani pa mama yake, ngozi kwa ngozi.

Kazi ya pili ni kuzuia vijidudu visiingie. Gamba ni kavu, tena lina uchachu kidogo. Vijidudu vingi havipendi mahali kama hapo. Na kikipita kimoja, katikati ya ngozi ya nje kuna seli za ulinzi zinazokinasa na kupeleka habari kwa majeshi mengine ya mwili. Seli hizo zilionwa mara ya kwanza mwaka 1868 na kijana Mjerumani aitwaye Paul Langerhans, alipokuwa bado mwanafunzi wa udaktari.

Kazi ya tatu ni kukinga jua. Chini, karibu na kiwanda, wapo mafundi wa rangi. Hizi ni seli zinazotengeneza rangi nyeusi iitwayo melanini. Fundi mmoja huwagawia rangi majirani zake kama 30 au 40. Kila seli ikipata rangi yake huiweka juu ya kiini chake, kama mtu anavyovaa kofia. Jua likipiga, kofia inazuia mionzi isiharibu kiini.

Sikilizeni neno hili vizuri. Mweusi na mweupe, hesabu ya mafundi wa rangi ni karibu sawa. Tofauti ni kwamba mafundi wa mweusi wanafanya kazi zaidi, na rangi yao ni nyingi zaidi. Basi weusi wetu ni mwavuli. Si uchafu, wala si kasoro.

Kazi ya nne, jua la kiasi likiipata ngozi ya nje, hutengenezwa humo vitamini D, inayoimarisha mifupa ya watoto na ya wakubwa.

Ukuta unavyobomoka

Wahenga walisema, "Usipoziba ufa utajenga ukuta." Methali hii inaifaa ngozi kabisa. Tuone nyufa zake.

Ufa wa kwanza ni magaga. Mtu anatembea peku, anafanya kazi kwenye maji na udongo, anaoga kwa sabuni kali ya kufulia. Mafuta ya gamba yanaondoka. Gamba la kisigino linakauka, linapasuka. Ufa ukifika ndani, unauma na kutoa damu, na vijidudu vya pepopunda vilivyomo udongoni hupata njia.

Wako pia maadui wanaojua kupenya hata ukuta mzima. Mabuu ya minyoo ya safura hukaa kwenye udongo uliochafuliwa kwa kinyesi. Mtu akipita peku, hupenya ngozi ya miguu, wakaenda mpaka tumboni kunyonya damu. Wadudu wa kichocho hutoka kwenye konokono wa majini na kupenya ngozi ya anayeoga au kuvuka humo. Na mdudu wa upele hafiki mbali. Huchimba handaki lake katika gamba lenyewe, akataga mayai humo. Ndiyo sababu mgonjwa mmoja wa upele akitibiwa peke yake haifai. Watu wote wa nyumba watibiwe siku moja, na nguo na mashuka yafuliwe.

Ufa wa pili ni moto. Mtoto akimwagikiwa uji wa moto, wengi wetu tunakimbilia majivu, dawa ya meno, yai au samadi. Ndugu zangu, hapo ukuta umeanguka, na sisi tunaweka uchafu ndani ya nyumba. Dawa ya kwanza ni maji safi ya baridi ya kawaida. Mimina juu ya jeraha kwa muda wa dakika 20, huku ukimkinga mtoto asipate baridi mwili mzima. Kisha funika kwa kitambaa safi, umpeleke zahanati. Lengelenge likitokea, usilipasue. Kile kifuniko chake ni ngozi ya nje, nayo ingali inafunika jeraha.

Kubomoa kwa mikono yetu: mkorogo

Sasa tunafika kwenye jambo zito. Tuchukue mfano. Binti anakaribia kuolewa. Anamwendea shangazi yake, anasema, "Shikamoo, shangazi. Naomba fedha kidogo, nataka nikang'arishe uso kabla ya siku yenyewe." Shangazi anaitikia, "Marahaba, mwanangu," anatoa fedha. Anadhani anamsaidia. Binti ananunua kopo sokoni, anapaka asubuhi na jioni. Wiki chache zikipita uso umekuwa mweupe, na watu wanasema amependeza. Je, ndani ya ngozi kumetokea nini?

Dawa za kujichubua ni za aina nyingi, lakini tutazitaja tatu.

Ya kwanza ni zebaki. Hii ni sumu. Inawazuia mafundi wa rangi wasifanye kazi. Lakini haiishii hapo. Inapita kwenye ngozi, inaingia katika damu, inaharibu figo na mishipa ya fahamu. Mama mjamzito akiitumia, humfikia mtoto tumboni. Mataifa yamekwisha kupatana juu ya sumu hii. Mwaka 2013 ulifanywa Mkataba wa Minamata, kwa jina la mji wa Japani ambako watu wengi walidhurika kwa kula samaki wenye zebaki. Mwaka 2023 nchi za mkataba huo zilikubaliana kwamba kufikia mwaka 2025 vipodozi vyote vyenye zebaki viachwe kutengenezwa na kuuzwa kati ya nchi na nchi. Hata hivyo, magendo hayajaisha.

Ya pili ni hidrokwinoni. Nayo inawazuia mafundi wa rangi. Ikitumiwa kwa muda mrefu, inaweza kuleta madoa meusi ya samawati mashavuni, ambayo ni vigumu sana kuyaondoa. Aliyetafuta weupe anavuna weusi wa ajabu.

Ya tatu ni dawa za aina ya steroidi. Hizi ni dawa za hospitali. Mganga akikupa kwa ukurutu, kwa siku alizozihesabu, ni dawa nzuri. Lakini ukizipaka miezi na miezi bila kuulizwa, zinaipunguza ngozi. Kiwanda kinalegea. Ngozi inakuwa nyembamba, inatoa michirizi, inachubuka upesi na kidonda kinachelewa kupona.

Sasa unganisheni na yale tuliyosema. Kofia za seli zimevuliwa, ukuta umekonda, walinzi wamelegea. Kisha binti huyo huyo anakwenda kulima juani. Fedha za shangazi zimenunua nini? Zimenunua shoka la kubomolea nyumba.

Sisi hatusemi haya ili kuwacheka wanaojichubua. Wamesikia kwa miaka mingi kwamba mweupe ndiye mzuri. Wengine waume zao ndio waliowaambia. Kwa hiyo sisi wanaume nasi tuchunge ndimi zetu. Na anayetumia dawa hizo sasa, aende zahanati aeleze bila haya. Asiyekwenda akaacha ghafla dawa za steroidi, anaweza kuwashwa na kuvimba uso, akaogopa, akazirudia.

Hapa, ndugu wanakisomo, kusoma kwetu kunapata kazi. Soma kopo kabla ya kulipa. Ukiona neno mercury, hydroquinone au clobetasol, lirudishe mezani pa mwenye duka. Neno la kwanza ni zebaki, la pili ni hidrokwinoni, la tatu ni moja ya zile steroidi. Na kopo lisiloandikwa vilivyomo, hilo tuliogope zaidi.

Ndugu zetu wenye ualbino

Wako wenzetu ambao tangu kuzaliwa mafundi wao wa rangi hawatengenezi melanini ya kutosha. Hao ni watu wenye ualbino. Hawana laana, na ualbino hauambukizi. Wamezaliwa bila mwavuli, basi. Jua la kwetu huwaunguza, na likiwapiga miaka mingi huwaletea saratani ya ngozi. Lakini saratani hiyo inaweza kuzuilika.

Mtoto mwenye ualbino avae kofia pana, nguo za mikono mirefu, na kazi za nje azifanye mapema asubuhi au jioni. Mwalimu asimweke mstarini juani saa sita. Mjini Moshi kulianzishwa utengenezaji wa mafuta ya kukinga jua yaitwayo Kilisun, kwa ajili yao hasa. Ulizeni hospitali iliyo karibu nanyi jinsi ya kupata mafuta ya namna hiyo. Kidonda kisichopona usoni, shingoni au masikioni kipelekwe hospitali mapema. Umoja wa Mataifa umeweka tarehe 13 Juni, tangu mwaka 2015, kuwa siku ya kuwakumbuka. Lakini kijijini kofia ya mtoto inahitajika siku zote.

Tufanye nini?

1. Tuoge kila siku, lakini tusijisugue kwa mawe na sabuni kali mwili mzima.

2. Tukitoka kuoga, ngozi ikiwa bado na unyevu, tupake mafuta. Mafuta ya alizeti, ya nazi au ya mgando yanatosha. Si lazima yawe ya bei kubwa.

3. Mtoto mchanga asioshwe mpaka saa 24 zipite tangu azaliwe. Ule utando mweupe alio nao ni kinga yake. Afutwe akauke na afunikwe, basi.

4. Tuvae viatu shambani, na kila nyumba iwe na choo.

5. Kidonda, hata kidogo, kioshwe kwa maji safi na sabuni, kifunikwe.

6. Tusipake dawa ya ngozi tuliyopewa na jirani. Mganga wa zahanati aione ngozi kwanza.

7. Tusinunue mkorogo, tusiuuze, wala tusimpe binti yetu fedha za kuununulia.

Maswali ya kujadili kikundini

1. Kwa nini mkwaruzo mdogo hautoi damu?

2. Ngozi ya nje inafanana na ukuta wa nyumba kwa jambo gani?

3. Katika kijiji chetu, mtoto akiungua watu humpaka nini? Tubadilishe nini?

4. Nendeni dukani na someni makopo matatu ya mafuta. Yameandikwa nini?

5. Tunamwambiaje binti anayetaka kujichubua, bila kumwaibisha?

Ndugu zetu, kiwanda kilicho chini ya ngozi hakidai mshahara. Kinajenga tukiwa macho na tukiwa usingizini. Kinachotutaka ni kutokibomolea kazi yake. Tukitoka hapa tukaziba ufa mmoja tu, wa magaga, wa moto au wa mkorogo, mazungumzo haya yatakuwa yamefaa.